Jeli Tupu na Pingili za Ruponda

Jumatatu, baada ya adhuhuri, tulimzika Bi Somoe, aliyenifundisha kazi katika maabara ya kilimo hapa Nachingwea. Tangu tutoke makaburini nakumbuka siku moja tu, mwanangu, na si siku ya kujisifia.

Nilikuwa kijana niliyetoka kumaliza kidato cha nne. Nilianza kwa kuosha vyombo, kisha nikaaminiwa kupima. Baba yangu mdogo wa Ruponda alileta majani ya muhogo yapimwe ugonjwa wa batobato, maana pingili zake za kupandia alitaka kuwagawia ndugu zetu wa Chunyu, kule Ruangwa, waliokosa mbegu. Kazi yenyewe ni hivi: DNA iliyotolewa kwenye majani huwekwa kwenye vishimo vya jeli, ndani ya maji ya chumvi, kisha unapitisha umeme. Hukimbilia upande wa waya mwekundu, vipande vidogo vikitangulia. Ugonjwa ukiwepo, mstari hung'aa mahali pake.

Jeli yangu ilitoka tupu. Nikatoka nje. "Safi, Baba Mdogo."

"Kumbe shuleni hukwenda kulala!" Akacheka, akapanda baiskeli.

Bi Somoe akaitazama jeli. "Na mistari ya kipimo iko wapi?" Hiyo ni DNA ya urefu unaojulikana, huwekwa pembeni kila mara, na lazima ionekane. Haikuwepo. "Waya mwekundu uliuchomeka wapi?"

Nilikuwa nimeugeuza. DNA yote ilirudi nyuma, ikapotelea majini.

"Hujapima kitu. Umepasha maji moto."

Tukarudia. Mistari ya ugonjwa iling'aa. Nikaomba aende yeye kusema, mimi naona haya. "Mficha maradhi kifo humuumbua," akanijibu. "Neno ulilitoa wewe. Lifuate."

Kesho yake nilifika Ruponda, nikakuta pingili zimeshakwenda Chunyu. Baba Mdogo hakucheka tena. Tukazifuata pamoja.

Mwanangu, usipoona kitu, usiseme hakipo. Kwanza hakikisha umetazama. Na ukikosea, usimtume mwingine akakusemee. Mwenyezi Mungu amrehemu Bi Somoe, nawe akupe ulimi mwepesi wa kukiri.

Kule Chunyu nilisema mbele ya wote kwamba kosa ni langu. Mama mmoja alikuwa ameshapanda matuta manne. Hakunitukana. Alinipa jembe, akasema, "Haya, ng'oa." Nikang'oa yote manne, naye amesimama ananitazama.