Jezi Namba Tatu Ilibaki Mkobani

Siku ninayoikumbuka, mwanangu, ilikuwa Ijumaa, katika mojawapo ya misimu ya mwanzo ya ligi ya raga hapa Dubai. Nasema raga ya watu kumi na watatu, si ile ya kumi na watano tuliyoizoea kwetu Kenya. Katika hii, ukiangushwa, hakuna kugombania mpira chini. Wanakuachia, unasimama kwa miguu yako, unauweka mpira na kuusukuma nyuma kwa unyayo, kisha mchezo unaendelea. Sikufundishwa na mtu. Nilichapisha sheria zake kwenye duka la intaneti Karama, nikazitafsiri kwa penseli pembeni mwa kurasa, nikawafundisha wenzangu sebuleni Al Nahda, tulikopanga pamoja.

Wote tulikuwa walinzi wa majengo, na timu yetu tukaiita Lindo. Tulipoomba kuingia ligi, mmoja wa waandaaji alizitazama sare zetu za kazi, akauliza kama tuna hakika. Nikamjibu tuna hakika. Ukweli ni kwamba hatukuwa na hakika hata ya zamu zetu za wiki iliyofuata. Lakini yapo maswali, mwanangu, ambayo ukiyajibu kwa unyonge mara moja, utayajibu hivyo maisha yako yote.

Sheria za ligi zilikuwa kali: timu isiyofika uwanjani mara mbili inafutwa, na kufika na wachezaji chini ya kumi na mmoja ni sawa na kutofika. Sisi tulikwisha kukosa mara moja, zamu zilipobadilishwa ghafla. Ijumaa hiyo nikahesabu vichwa kando ya uwanja, nikapata kumi. Aliyepungua alikuwa Wekesa, jezi namba tatu. Mlinzi wa kumpokea alikuwa ameugua, akaamriwa abaki lindoni.

Alikuwapo kijana mmoja, Kiprono, binamu wa mchezaji wetu, aliyekuja kutembea. Mwepesi wa mbio, mabega kama mlango, ila jina lake halikuwa kwenye orodha. Mimi, nahodha na katibu, ndimi niliyetunza nakala za vitambulisho vya wote. Nikaliandika jina la Wekesa kwenye karatasi ya mechi, nikaitoa nakala yake, nikamkabidhi, nikamwonyesha jezi iliyokunjwa ndani ya mkoba wa timu.

"Kwani hawatajua?" akauliza.

"Wekesa wanamwita kwa jina langu, mimi wananiita Wekesa," nikamwambia. "Hawatutofautishi. Leo dharau yao itatufaa."

Kiprono akacheka. "Boss, wewe ni noma. Lete jezi."

Sitakuficha, niliona fahari. Nilidhani huko ndiko kuwakaidi wanaokudharau.

Mbeba maji wetu, Mzee Salehe, alikuwa ameketi juu ya sanduku la barafu. Alikuwa mtu wa Tanga, miaka arobaini na saba, mtunza bustani kwenye majumba ya Al Warqa. Alikuwa ametoka kuswali Ijumaa, kofia ingali kichwani. Mwanzoni mwa msimu nilikuwa nimeliandikisha jina lake ili orodha ijae, na tulicheka sana siku hiyo.

"We nahodha," akaniita. "Wekesa yuko wapi saa hii?"

"Yuko lindoni, mzee."

"Na karatasi yako inasema yuko wapi?"

"Uwanjani."

"Haya. Kampuni yake ikiiona karatasi hiyo, nani kaacha lindo? Wewe au yeye?"

Mlinzi aliyeacha lindo hapa mjini hupewa tiketi ya kurudi kwao, na mimi nilikuwa nimemwandikia Wekesa ya kwake.

"Hawa wakishindwa kututofautisha, aibu yao," akaendelea, bila kupandisha sauti. "Wewe umelala kitanda cha chini yake mwaka mzima. Leo unasema mtu yeyote mweusi akivaa jezi yake ndiye yeye. Hiyo aibu ya nani?"

"Lakini mzee, tukipungua mmoja tunafutwa."

"Basi tufutwe kwa majina yetu. Ila ngoja. Langu si uliliandika?"

"Lipo, lakini..."

"Lakini nini? Yalla, nipe jezi. Iwe kubwa, tumbo hili si la kuazima." Akavua kofia, akampa Kiprono. "Wewe nishikie hii. Na wakiwa na kiu, maji yamo humo."

Nikalikata jina la Wekesa kwenye karatasi, nikaandika la mzee. Refa akasoma majina, kila mtu akiinua kitambulisho chake. "Salehe?" akatamka kwa shida. "Naam!" akaitikia mzee kama mwanafunzi wa darasa la kwanza. Wapinzani wakaangua kicheko. Mmoja akamuuliza kama amemleta mjukuu wake kucheza.

Mcheza kwao hutuzwa, na sisi hatukuwa kwetu. Walitufunga watakavyo. Mzee tulimweka pembeni kabisa, nao wakamtafuta hukohuko. Kila aliposhika mpira waliporomoka naye mpaka chini.

Zilipobaki kama dakika kumi, nahodha wao akanijia. "Khalas, inatosha," akasema. "Tuishie hapa. Hakuna haja ya kuumizana." Nadhani alisema kwa nia njema. Nikamtazama Mzee Salehe, aliyekuwa amepiga magoti, majani yamenasa ndevuni.

"Anasemaje huyo?"

"Anasema tuishie hapa."

"Saa yake imesimama? Mwambie yangu inatembea."

Heri kufa macho kuliko kufa moyo. Tukaendelea. Mimi ni mtu wa kuhesabu: katika dakika zile walimwangusha mara tano. Mara ya tatu hapakuwa tena na aliyecheka. Mara ya tano, yule wa mjukuu alimnyooshea mkono amwinue. Mzee akatikisa kichwa, akasimama mwenyewe, taratibu, akauweka mpira chini, akausukuma nyuma kwa unyayo. Hapo ndipo akaupokea ule mkono.

Tulishindwa, mwanangu, wala hatukupata hata pointi moja. Lakini Lindo haikufutwa.

Siku ya pili yake Wekesa akafungua mkoba, akaikuta jezi yake imekunjwa vilevile alivyoikunja. "Hamkumvisha mtu?" akauliza. Nikamweleza yote, hadi ile nakala ya kitambulisho. Hakusema nami siku mbili, na alikuwa na haki. Ijumaa iliyofuata akaivaa mwenyewe.

Ninakwambia haya kwa sababu wiki iliyopita mmoja wenu, vijana walinzi ninaowasimamia sasa, aliniomba mwenzake asimame getini kwa beji yake, eti mabosi hawatajua. Nilikataa, mkaniita mnoko. Niiteni. Mji huu utakuita namba, utakuita "wewe", utakuita kwa jina la mwenzako. Usiusaidie. Dharau ya mtu usiivae kama jezi, hata siku inapokupendeza. Jina la mwenzako usilitumie asipokuwapo, na lako usilikodishe. Mkiwa wachache, ingieni wachache. Mkishindwa, ishindwe timu yenye majina yake. Na wakikwambia inatosha kabla saa haijatimia, waambie yako inatembea.

Mola akupe magoti yasiyochoka kuinuka, na siku jina lako litakaposomwa, popote litakaposomwa, uwepo wewe mwenyewe kuitikia naam.