Daraja Tulilopita Chini Yake

Naandika haya hasira bado hazijanitoka, na sijui hasa nimkasirikie nani. Kila nikimtafuta wa kumlaumu nakuta naye alikuwa na haki yake, mwisho nabaki mimi peke yangu, na kujikasirikia mwenyewe kunachosha.

Nieleze kwanza. Kila Jumamosi, watoto wakishatoka chuoni kwenye masomo ya Kurani, huwa nakaa na wasichana tisa kwenye baraza ya chuo hapa Jang'ombe, nikawasomea kitabu. Mimi si mwalimu. Nilifeli mtihani wa kidato cha pili na sikurudi tena. Lakini kusoma kwa sauti naweza, na ustadhi wa chuo alikubali, akisema bora wakae hapo kuliko kuzurura. Wananiita Bibi.

Kitabu chetu cha safari hii ni cha madaraja. Kina picha za madaraja ya matao, ya nguzo, ya kuning'inia, na njia za treni zinazopita chini ya bahari. Kimeandikwa kwa Kiswahili chepesi, ila mwandishi hasemi kwa nini mambo yanakuwa hivyo, na mimi sina elimu ya kujazia. Basi nilifanya nilivyoweza. Lile la kuning'inia niliwafundisha kwa kanga: wawili wakashika pindo huku na huku, wa tatu akatia nazi katikati. Wale wawili wakajikuta wanavutwa kuja mbele. Nikawaambia, mmeona, hiyo ndiyo kazi ya ile minara miwili mirefu na nyaya zake, kukataa kuvutwa. Sijui kama ni sawasawa. Nazi ilianguka mara mbili.

Binti wa mshonaji, ambaye hajapata kukubali neno bila ya kulipindua, akasema, "Bibi, haya yote ya kwa watu. Sisi tuna nini?"

"Tuna Darajani," akasema mwenzake.

"Darajani kuna kuku na mitumba. Daraja liko wapi?"

Nimenunua samaki kwenye soko lile miaka yote na nimesikia tu kwamba zamani maji yalipita na daraja lilikuwepo, kabla ya kufukiwa. Kwa macho yangu sikuliona. Kwa kutotaka kushindwa nikawaambia habari ya kwetu, Uzi, kisiwa nilichozaliwa. Kuna njia ya mawe inayokata mikokoni kutoka Unguja Ukuu, wazee wetu waliijaza kwa mikono, mama yangu akiwemo, jiwe kichwani. Bahari huifunika mara mbili kwa siku. Na sasa pembeni yake linajengwa daraja refu.

"Barabara inazama?" akauliza yule yule. "Kisha inazuka?"

"Kila siku."

Wakacheka wote tisa. Hapo ndipo nilipojitia kitanzi. Nikaahidi kuwapeleka.

Ustadhi alitoa ruhusa ya siku moja tu. "Warudi kabla ya alasiri kuadhiniwa, Bi. Hawa ni amana za watu. Wakichelewa, darasa lako basi." Hakusema kwa ubaya. Ningekuwa mimi ningesema vile vile.

Sasa, kwenda Uzi na kurudi ni hesabu ya mwezi. Sisi tulikua tunajua, bila ya saa wala simu: mwezi kumi na sita, yaani siku ya kumi na sita tangu mwezi kuandama, njia huwa kavu mpaka saa nane mchana, mwezi kumi na saba mpaka saa tisa kasorobo, na kila siku inasogea hivyo. Nikatazama kalenda ya mume wangu ukutani. Jumamosi ile ilikuwa mwezi kumi na saba. Nikapanga tuondoke kisiwani saa nane na nusu, na robo saa ya akiba juu yake. Niliona nimekuwa mwangalifu mno.

Dereva wetu, jirani yangu, mtu mzima mwenye gari yake ya kubebea wageni, aliniuliza asubuhi, "Bi, nitazame maji kwenye simu? Yapo humu saa kwa saa."

"Mimi nimezaliwa pale," nikamwambia.

Akarudisha simu mfukoni. Jioni alikuwa na wageni wa kuwachukua kuwapeleka Bwejuu, kwa hiyo naye alitaka kujua. Alitaka kujua na nikamkatalia.

Tulifika njia ya mawe saa nne, kavu, na kaa wakikimbia. Wasichana wakanitazama kama nimewadanganya, maana hakuna kilichozama. Daraja jipya lilikuwa pembeni, limesimama juu ya nguzo zake ndani ya mikoko, zuri, na hatukuruhusiwa kulisogelea. Msimamizi wa kazi, kijana wa kutoka Bara, akatuzuia kwenye kamba. "Samahani Mama, bila kofia na buti hampiti." Nikamwambia tumetoka mjini kwa ajili yake. Akasema anashukuru, lakini hampiti. Tukalitazama kwa mbali, kama hatua mia, na tungebaki nyumbani kitabu kingetuonyesha vizuri zaidi.

Basi tukaenda kwa mdogo wangu. Akapika wali na pweza, akatandika mikeka, akawa hana haraka hata chembe. Wasichana wakala, wakacheza. Ilipofika saa nane na robo nikasimama kukusanya viatu.

"Mnakwenda wapi?" akauliza mdogo wangu.

"Tunarudi. Njia iko mpaka saa tisa kasorobo."

Akaweka sinia chini. "Dada, leo mwezi ngapi kwenu?"

"Kumi na saba."

"Kwetu kumi na sita."

Hapo nikajua kosa langu. Nyumba ya mume wangu wanafunga na kufungua kwa mwezi ukionekana popote duniani. Kisiwani wanangoja uonekane kwetu. Mwezi huu walikuwa wamepishana siku moja, na mimi nilichukua tarehe ya nyumba moja nikaitia kwenye hesabu ya nyumba nyingine. Bahari haina kalenda ukutani. Ilikuwa imeshaanza kurudi tangu saa nane.

"Mbona hukuniambia mapema?" nikamwambia mdogo wangu, tena kwa ukali.

"Nilidhani mnalala. Nshaazima na mito kwa majirani."

Na kweli, mito ilikuwa imepangwa chumbani.

Tulipofika kwenye njia, maji yalikuwa yamevuka mawe, yanakwenda upesi, ya kahawia, na katikati yalimfika mtu magotini. Dereva alizima gari. Hakupiga kelele, na afadhali angepiga. "Nilikuuliza, Bi," alisema, basi. Kisha akatoka nje kuwapigia wageni wake wa Bwejuu wajitafutie dereva mwingine.

Wasichana, ambao walipaswa kuogopa, walikuwa na furaha. "Inazama kweli," binti wa mshonaji akasema, akirudia rudia, "inazama kweli, Bibi, nilidhani unatutania." Sikuwa na hamu ya kusadikiwa wakati ule.

Daraja lilikuwa pale pale, juu ya maji, limeshafika ng'ambo. Nikamwendea yule msimamizi, ambaye sasa alikuwa upande wetu.

"Mwanangu, si limefika upande wa pili?"

"Limefika, Mama. Ila pembeni halijawekwa kingo, na kuna nafasi hazijafunikwa."

"Tutashikana mikono."

"Ukishikana mikono na anayeanguka, mnaanguka wawili."

"Hawa ni watoto wa watu. Nimeahidi kuwarudisha kabla ya alasiri."

"Ndiyo maana, Mama."

Nikamwambia hana huruma. Neno hilo nalifuta hapa, kwa kuwa pale sikulifuta. Alikuwa na haki tangu mwanzo, na kilichoniudhi ni hicho hasa, kwamba kwa siku nzima kila mtu alikuwa na haki isipokuwa mimi.

Mdogo wangu, aliyekuja kutusindikiza, ndiye aliyesema, "Tuna mtumbwi wa mwani." Mumewe akaja nao, akiusukuma kwa upondo, yaani ule mti mrefu wa kusukumia chombo majini. Msimamizi aliuona, akaondoka. Nikadhani anakwenda kutuzuia tena. Akarudi na majaketi ya kuelea, yale ya mafundi wake, makubwa, yakiwafika wasichana magotini. Akamfunga kila mmoja mwenyewe, akivuta mikanda. "Nitawapokea ng'ambo niyachukue," akasema, akapanda juu ya daraja lake na kofia yake.

Tulikwenda kwa safari mbili. Mdogo wangu alitangulia na watano, mimi nikafuata na wanne. Dereva alibaki na gari yake kungoja maji yatoke usiku. Nilimpa mkono wa radhi, akaupokea, akasema, "Nendeni, Bi, alasiri inakaribia." Huo ni uungwana, na unauma.

Njia ya mtumbwi ilipita chini ya daraja. Sikuwa nimeifikiria hiyo. Nilikuwa nimeshika jaketi la mtoto huku na huku, nasoma dua nnazozijua, hata niliposikia kumepoa na sauti zetu zimekuwa nzito nikainua kichwa. Tulikuwa kati ya nguzo mbili. Boriti za zege zilipita juu yetu, kubwa, safi, na kila ncha ilikuwa imekaa juu ya kichwa cha nguzo, na kati yao kipande cheusi kama kitabu kilicholazwa. Juu zaidi tulisikia buti za msimamizi zikienda pamoja na sisi.

Binti wa mshonaji alikuwa kwenye mtumbwi wangu, ndiyo bahati yangu. "Bibi," akasema, "mbona haijagandishwa? Imekaa tu."

Nikatazama. Kweli ilikuwa imekaa tu.

"Sijui," nikasema.

"Si itaanguka?"

"Sijui, mwanangu. Tulia usitikise chombo."

Ng'ambo, msimamizi alipokuwa anafungua mikanda, yule mtoto akamuuliza mwenyewe. Akachuchumaa kumjibu, na nikamshukuru kwa hilo. Akasema vile vipande vyeusi ni mpira mgumu. Jua likiwaka daraja zima linarefuka kidogo, jioni linarudi, na ukiligandisha juu ya nguzo likakosa pa kwenda, litapasuka au litapasua nguzo. Kwa hiyo linaachiwa nafasi.

"Zege linarefuka?" nikamuuliza.

"Linarefuka, Mama."

Nikamtazama kama anatania. Hakuwa anatania.

Tulitembea mpaka njia kuu, tukapata daladala, na tukaingia Jang'ombe jua linazama. Alasiri ilikuwa imeshakwenda zamani. Mama zao walikuwa barazani, na ustadhi katikati yao, na mume wangu amekuja kunitafuta. Nilisema kosa langu lote, kwa mpangilio, nikieleza na mwezi. Hapo nikakosea mara ya pili, kwa kutaja mwezi.

"Nilisema mimi," ustadhi, ambaye naye hungoja mwezi wa kwetu, akamwambia mume wangu. "Angefuata mwezi wetu angefika salama."

"Mwezi haukukosea," mume wangu akasema. "Aliyekosea ni mwenye hesabu za kizamani."

Wakaingia humo, na kila mmoja ana hoja. Nimezipima hoja zao zote mbili usiku kucha kwa haki, na naona wote wawili wamesema kweli, na wote wawili hawakuuliza kama watoto wameshakula. Mama mshonaji alimshika bintiye mkono akaondoka kabla hawajamaliza, na hilo ndilo lililonitisha.

Mwishowe ustadhi akanigeukia. "Mimi silifungi darasa, Bi, wala silifungui. Jumamosi tutaona nani atamleta mtoto wake."

Wiki nzima nilijiambia ni haki yao. Nilijiambia pia kwamba mtu wa kidato cha pili kasoro mtihani hakuwa na haja ya kujitia uhandisi. Ijumaa nilikwenda kwa dereva kumwomba radhi tena. Akasema yamekwisha, ila akanionyesha kwenye simu namna ya kutazama maji, akanilazimisha nifanye mwenyewe mara tatu mbele ya mkewe. Nilifanya.

Jumamosi nikatandika mkeka mapema. Wakaja wawili, kisha watatu kwa pamoja, kisha mmoja mmoja, mpaka wakawa wanane. Nikafungua kitabu. Binti wa mshonaji hakuwepo, na nafasi yake ilikuwa wazi mbele yangu, na nilishindwa kuanza.

Kisha akatokea kwenye kona, anavutwa na mama yake, na mama mwenyewe tepu ya kupimia bado shingoni. Mama akavua viatu, akakaa kwenye mkeka wangu bila ya kuombwa, mtoto pembeni yake.

"Huyu kila siku ananiambia habari moja," akasema. "Ati daraja halijagandishwa. Ati umempitisha chini yake."

"Kweli," nikasema. "Nimempitisha."

"Na linarefuka kwa jua."

"Ndivyo alivyosema fundi."

"Na we umemwamini?"

Wanane wengine walikuwa wananitazama. Nikamwambia mlango wa nyumba yangu masika huvimba ukagoma kufunga, na kiangazi hulegea, kwa hiyo nimemwamini nusu, kwa kuwa mlango ni mti, na ya zege sijayaona kwa macho yangu.

"Nusu," akasema, kama mtu anayepima kitambaa. "Hata mimi kitambaa cha kufupika kwenye maji nakiachia nafasi. Na nyaya za lile la kuning'inia je, mlilofanya kwa kanga? Nazo zinarefuka?"

"Sijui," nikasema.

"Basi soma, tusikie," akasema, na sikufika hata mstari wa tatu akanikata tena.