Maandishi ya Bluu Juu ya Kitanda Changu

Nilikuwa na miaka kumi nilipolala kwa mara ya kwanza katika nyumba yenye kuta za rangi. Bukavu, upande wa Kongo, nilikozaliwa, tulikaa nyumba ya mbao, na mbao zikichafuka mama alizisugua kwa majivu na gunzi la mahindi mpaka zing'ae. Vita vya Rwanda vilipokwisha tulivuka mto Rusizi kurudi nchi ya babu zetu, tukapewa nyumba Kamembe ambayo wenyewe walikuwa wamekimbilia Kongo. Kuta zake zilipakwa rangi ya maziwa.

Chumba nilichopewa kilikuwa cha msichana. Nilijua kwa sababu gauni lake la shule lilibaki msumarini, naye alikuwa ameandika ukutani, juu ya kitanda, kwa kalamu ya bluu: vitenzi vya Kifaransa, mstari chini ya mstari, herufi za mviringo zilizoinama zote upande mmoja. Baba yangu alikuwa mwalimu. Siku ile ile tuliyohamia aliinama akasoma vyote, asipate kosa hata moja.

"Angalia vile huyu mutoto anaandikaka," akaniambia. "Weye unaandika sawa kuku anachakura."

Nilimchukia msichana yule pale pale. Sikujua sura yake, sikujua kama yuko hai, na sikujali. Wageni wakija, baba aliwaleta chumbani kwangu kuwaonyesha akili za mtoto asiye wake, nami nikisimama mlangoni nimevimba kama andazi. Mama aliposema yale maandishi yafutwe ili nyumba ipendeze, baba alikataa katakata.

Nilivumilia mpaka mwaka wa pili. Siku moja nilitoka shule mbio, nimekuwa wa pili darasani, jambo ambalo halikuwa limewahi kunitokea. Baba alisoma karatasi, akatikisa kichwa, akasema, "Ule wa ku ukuta angekuwa wa kwanza."

Kesho yake, wazazi walipokwenda sokoni, nilichukua majivu na gunzi nikasugua kama tulivyosugua mbao. Wino haukutoka. Ulitapakaa, ukuta ukawa bluu. Nikaongeza maji, nikaongeza nguvu. Rangi ikaanza kubanduka, ikafuata plasta, likabaki doa la kijivu kubwa kama sinia. Hakuna kwetu aliyejua kwamba ukuta wa rangi hupanguswa polepole, kwa kitambaa laini na maji ya sabuni. Nilifurahi hata hivyo.

Baba hakunipiga. Aliokota vipande vya plasta kimoja kimoja, na hata huo upole niliuona ni wa yule msichana, si wangu.

Kisha vita vikaingia Kongo, kambi za wakimbizi zikavunjika, na watu wakaanza kurudi kwa miguu. Tukaambiwa turudishe nyumba. Mwenye nyumba alikuja asubuhi moja, mama mwembamba, miguu imevimba, peke yake. Alipita sebuleni bila kutazama kitu, akaja moja kwa moja chumbani kwangu. Baba akamfuata.

"Fasi hapa kulikuwaka maandishi ya mutoto wangu," akasema. "Nimekuja kuangalia ile tu."

"Mutoto iko wapi, Maman?" akauliza baba.

"Alibakia mu pori."

Akalipapasa lile doa kwa kiganja. Akauliza nani alifuta.

"Tulikuta iko vile, Maman," nikajibu haraka.

Baba alinitazama, hakunisahihisha. Aliketi kwenye kitanda changu, akamwomba yule mama naye aketi. Akaanza kumsomea ukuta. Alitaja vitenzi vyote kwa mpangilio wake, mstari baada ya mstari, bila kusita. Akamweleza herufi zilivyoinama, na pale wino ulipomwishia mtoto akabadilisha kalamu, na neno moja alilokuwa amelipigia mistari miwili chini. Yule mama alilia huku akiitikia kwa kichwa, kama anayeona.

Ningependa kusema kwamba nilimwonea huruma, au kwamba niliona haya. Hivyo vyote vilikuja baadaye, nilipokuwa mtu mzima. Siku ile, nikiwa nimesimama mlangoni, niliona wivu kuliko siku zote, kwa sababu baba alikuwa amenisomesha miaka mingi, na kama ningekufa mimi, asingeweza kumtajia mama yangu hata mstari mmoja niliouandika.