Sekunde Kumi na Moja za Orville Pankey

Orville Pankey alikuwa ameanguka katika filamu bubu za vichekesho kwa miaka ishirini na miwili. Alianguka ngazini, kwenye ndoo za chokaa, juu ya keki za harusi, na kila alipoinuka alijiona mfalme. Culver City, mji wa studio za filamu, ilikuwa na waangukaji bora kuliko yeye. Wa kumshinda kwa majivuno hakuwapo.

Filamu zilipoanza kusema, mwenye studio, Bwana Haskett, alimwita. "Orville, nakupa kichekesho kimoja cha dakika ishirini. Watu wakicheka, una mkataba. Wasipocheka, karudi ukauze viatu."

Siku hizo kicheko chenyewe kiliwatesa wachekeshaji. Jukwaani unamsubiri mtazamaji amalize kucheka. Filamu haimsubiri mtu. Basi baada ya kila mzaha walinyamaza mbele ya kamera, wakihesabu kimoyomoyo, ili neno linalofuata lisimezwe na vicheko. Wenzake walihesabu hadi tatu. Orville alihesabu hadi kumi na moja.

"Kumi na moja?" alishangaa Mabel Trask, aliyeigiza mkewe. "Kaka, hata marehemu hanyamaziwi hivyo!"

"Huwajui watu wangu, dada. Watabingirika sakafuni."

"Watabingirika mpaka nje."

Alhamisi filamu ilionyeshwa kwa majaribio katika ukumbi mmoja wa sinema mjini Glendale. Orville aliketi kando ya Haskett, kifua mbele. Kwenye skrini akatoa mzaha wake kuhusu mama mkwe. Hakucheka mtu. Akabaki pale, meno nje, nyusi juu, akipokea shangwe isiyokuwapo. Sita. Saba. Mahali fulani kiti kikakwaruza sakafu. Nane.

"Maskini, kasahau maneno!" mama mmoja akasema kwa sauti.

"Mnong'onezeni basi!" akadakia mumewe.

Ukumbi ukalipuka. Tangu hapo kila Orville aliponyamaza, watu walimpa majibu, walimwombea dua, walishika mbavu. Orville wa kitini alitamani ardhi immeze. Haskett alikuwa akifuta machozi ya kicheko.

"Mkataba ni wako," alimwambia walipotoka. "Wewe ndiye bwana anayesahau. Utasimama tu, utoe macho."

"Nisiseme neno? Kwenye filamu zinazosema?"

"Hata moja. Ukisema unaharibu."

Orville akalifikiria duka la viatu, akasaini. Kesho yake aliwaeleza wenzake, mmoja baada ya mwingine, kwamba kusahau kule alikubuni mwenyewe. Kwa kuwa hakuna aliyecheka, alidhani wameamini.