Mahekalu Tuliyojenga Nyuma ya Jiko

Sauti ya kaka yetu ilipoanza kuwa nzito, alijengewa simba karibu na lango la boma. Ndiyo desturi yetu Wajaluo: kijana hupewa nyumba yake ndogo, yenye mlango wake na kufuli lake. Mimi na dada yangu tuliendelea kulala jikoni kwa nyanya, kati ya kuni na kuku anayeatamia. Hakuna aliyeona ajabu. Msichana hajengewi kwao, maana kwao ni mahali anapongojea kuondoka.

Basi tukajijengea wenyewe. Nyuma ya jiko palikuwa na udongo mweusi, ule ambao mvua ikinyesha unang'ang'ania viatu hadi unavivua na kuvibeba mkononi. Kwa udongo huo tulibuni nchi nzima, na nchi hiyo haikuwa na maduka, shule wala chifu. Ilikuwa na mahekalu tu. Dada yangu, aliyenitangulia kuzaliwa, alikuwa fundi na kuhani mkuu. Mimi nilitunga sheria, kwa sababu tangu utotoni nina mdomo.

Hekalu la Mvua halikuwa na paa, kwa kuwa mgeni hafungiwi nje. Hekalu la Samaki liliingiwa kwa kutambaa, hata na mfalme, na hasa mfalme. Milango ya mahekalu mengine yote ilipimwa kwa mwanamke aliyejitwika ndoo kichwani: akilazimika kuinama, ukuta unabomolewa na kazi inaanza upya. Tulibomoa sana.

Kubwa kuliko yote lilikuwa Hekalu la Wafu. Tulilijenga mwaka ule alipokufa shangazi yetu ambaye hakuwahi kuolewa. Tulimwona akizikwa nje ya ua wa ojuok, mmea ule wa utomvu mweupe unaozunguka maboma ya kwetu, huku wake za kaka zake waliomcheka maisha yake yote wakilia kwa sauti. Tulienda nyuma ya jiko tukajenga hekalu lenye milango pande zote, lisilo na ua, ambamo maiti aliingizwa kwa mlango wowote na kulazwa popote. Mlinzi aliyethubutu kuuliza marehemu aliolewa na nani aligeuka chura papo hapo. Sheria hiyo ni yangu, na bado naipenda.

Tulikua. Mimi nilipata kazi ya kufundisha Migori, yeye akafungua kibanda cha kushona nguo Rongo. Nchi yetu hakuiacha. Kwenye karatasi za kaki za kukatia ruwaza, alichora mahekalu mapya kwa chaki ya fundi, na mteja mmoja aliwahi kusisitiza ashonewe "hiyo ya madirisha mengi". Kila Jumapili alinipigia simu kuniuliza sheria ya hekalu alilochora wiki hiyo, nami nikaitunga huku nikisahihisha madaftari. Hakuolewa. Mimi pia sijaolewa. Wanaume walikuja wakaenda, na kwa kweli tulicheka zaidi walipoenda.

Figo zake zilipokataa kazi, alilazwa Homa Bay, na huko ndiko alikofia. Baada ya hapo nilitaka kitu kimoja tu duniani: azikwe ndani ya boma, kando ya mama yetu.

Kikao cha mazishi kilifanyika kwa Kiswahili, kwa heshima ya pasta wetu aliyetoka Ntimaru na ambaye Kijaluo chake ni cha salamu tu. Nilisema ombi langu. Nilikumbusha kwamba mabati ya nyumba tulimokaa yalinunuliwa na marehemu. Kaka yangu, mwenye nyumba, alitazama viatu vyake.

"Nyathina, mtoto wangu, sisi hatumchukii," alisema baba mdogo, ndugu ya baba yetu. "Lakini msichana hajaolewa hawezi lala ndani ya dala, hii boma yetu. Roho yake itasumbua hawa wasichana wadogo, hakuna mwenye atapata bwana. Hiyo ni kitu inajulikana."

"Pasta," nikasema, "Biblia inasema hivyo?"

Pasta alijikohoza. "Hapa ni mambo ya familia, mwalimu. Kanisa itaomba mahali popote kaburi iko."

Nilimkodolea macho baba mdogo nikingoja ageuke chura. Hakugeuka. Aliomba chai iongezwe sukari.

Asubuhi ya mazishi nilikuta kaburi limechimbwa nje ya ua, upande wa kushoto. Hasira ilinipanda. Nilichukua panga, nikakata matawi ya ojuok na kuyachomeka ardhini kuzunguka kaburi, yakaungana na ua wa zamani. Ojuok ni mmea usio na maringo. Ukiuchomeka tu, unashika. Kama hawakutaka kumwingiza dada yangu ndani, basi ndani itamfuata alipo. Utomvu ulinirukia machoni, ukaniunguza nikalia kwa uchungu, na wanawake waliokuwa wakimenya viazi wakaambiana kwamba afadhali sasa ameanza kuomboleza.

Baba mdogo alikuja peke yake. Hakufoka. Aling'oa tawi baada ya tawi, akayatupa kando, nami macho yakiwaka moto sikuweza kumzuia. Alipomaliza alinipa leso yake nijifute.

"Usikuwe na hasira na sisi," akasema. "Sisi hatukusahau wewe. Tuliambia vijana wachimbe huku mwisho, wasiweke katikati, nafasi ibaki."

Akanionyesha kwa kidole kipande cha nyasi kando ya kaburi, kati ya udongo uliofukuliwa na njia ya ng'ombe.

"Hapo ni yako," akasema, kwa upole kabisa.