Msafara Usiosimama Benako

Wifi yangu Domisiana ni mtu wa Mugoma, wilayani Ngara, na si mtu wa maneno mengi. Wazazi wake walivuka kutoka Burundi na mtoto mgongoni, na mtoto huyo ndiye yeye. Alikulia huku, akasoma huku, akaolewa na kaka yangu, Mhangaza wa hapa hapa. Kaka alipofariki hakurudi kwao, kwa sababu kwao kulishakuwa hapa. Alibaki na shamba la migomba, kahawa kidogo, na mtoto mmoja, Fideli. Fideli alipomaliza kidato cha nne alikwenda JKT, na kutoka huko akachukuliwa kuwa askari. Baadaye akapangwa kwenye kikosi cha kulinda amani, Kongo.

Jumapili baada ya misa ndipo alipokuwa anapiga simu. Anauliza mvua, anauliza kahawa, halafu anaomba apewe mimi. "Shikamoo shangazi." Namwitikia marahaba, namwambia ajitunze, simu inakatika. Jumapili moja simu haikuja. Jioni redio ikasema mji ule waliokuwamo umechukuliwa na waasi, uwanja wa ndege umefungwa, na askari wa kulinda amani wamezungukwa ndani ya kambi zao.

Nilikwenda kwa wifi karibu nakimbia. Nilimkuta jikoni anamenya ndizi, redio inaongea pembeni yake.

"Umesikia?" nikamwuliza.

"Nimesikia."

"Sasa tunafanyaje?"

"Kaa. Chakula hakichelewi."

Nilidhani hakuelewa. Halafu nikaangalia beseni. Alikuwa amemenya mkungu mzima, ndizi za kulisha msiba, na nyumba ile alikuwa analala peke yake.

Siku zilizofuata alilima, aliteka maji, alikwenda kanisani. Watu walikuja kumpa pole, naye akawakaribisha uji. Mimi nililia kwa niaba yake mpaka macho yakavimba. Nilipomwuliza anajisikiaje aliniambia ni kama mguu ulioulalia: unaugusa, unajua ni wa kwako, lakini mguu hausikii.

Ndipo tukaitwa Ngara mjini, familia za askari wa Ngara na za Biharamulo pamoja. Mbele walikaa watu wawili. Mmoja alikuwa kanali, Malongo, mtu mrefu ambaye sare yake haikuwa na kunyanzi hata moja. Mwingine alivaa suti, na viatu vyake vilikuwa vimeshaiva kwa vumbi letu jekundu. Huyo alijitambulisha kuwa ni Juvenali, wa mambo ya nje, kazi yake ni kuongea na nchi nyingine.

Kanali alisema vijana wako hai, wana chakula, wana maji. Juvenali alisema mazungumzo yanaendelea ili wafunguliwe njia.

Mwanamke mmoja nyuma yetu akasimama. Alisema anaitwa Generoza, ametoka Nyakahura, Biharamulo, mtoto wake ni Danstan. "Mnasema njia," alisema. "Njia ipi? Na lini?"

Kanali aligeuza kichwa. Alimtazama Juvenali. Juvenali naye akamtazama kanali, kisha akasema, "Mama, hilo hatuwezi kulisema leo. Tukilisema hapa, kesho linasikika kule, na kule hawatatuvumilia."

"Basi wana bunduki, si wapigane watoke?" akauliza mzee mmoja.

Wakatazamana tena. Safari hii alijibu kanali: "Tunaweza kuwaambia hivyo, mzee. Hatujaamua hivyo."

Ikaendelea vile. Kila swali lilikwenda kwa mmoja, likapita kwa mwenzake, ndipo likarudi kwetu likiwa limepungua. Watu walianza kunung'unika. Wifi yangu hakuuliza kitu. Tulipotoka, yeye na Generoza walijikuta wamesimama kwenye kivuli kimoja wanasubiri gari, wakaulizana habari za mashamba. Generoza na mumewe Kazimili ni Wasukuma, walihamia Nyakahura na ng'ombe kutoka Shinyanga wakiwa bado vijana. Wakagundua watoto wao wanalala chumba kimoja huko Kongo. Fideli aliwahi kumtaja Danstan kwenye simu, kwamba anakoroma.

"Anakoroma tangu mdogo," Generoza alisema.

Walipeana namba, tukaagana.

Danstan alikufa kabla njia haijafunguliwa. Bomu liliangukia kambini penye matangi ya maji. Wa kwanza kumwambia wifi alikuwa Generoza mwenyewe, kwa simu, kwa sauti ya mtu anayeuliza bei ya mahindi. "Mama Fideli, wa kwangu amekwisha. Wa kwako hayumo." Wifi akasema, "Nakuja." Akafunga kanga, tukaondoka.

Tulikaa Nyakahura mpaka mwili ulipofika. Pande zote zilikuwa zimekubaliana kwamba maiti na majeruhi watoke kwanza, wazima wabaki. Jeneza likaja na bendera juu, na kanali na Juvenali wakalisindikiza. Askari walipopiga risasi za heshima ng'ombe walikimbia, watoto wakajificha nyuma ya mama zao. Generoza hakutikisika. Wifi alikuwa amekaa karibu naye kwenye mkeka, naye hakutikisika. Niliwatazama, nikaona nyuso mbili zinazofanana kama za ndugu.

Baada ya mazishi chakula kilipakuliwa. Juvenali alikuja kukaa kwenye benchi nililokuwa nimekaa mimi, sahani mapajani, bila kula. Nikamwuliza kazi yake na ya kanali zinakutana wapi, maana kwetu askari ni askari na mwenye suti ni mwenye suti.

"Shangazi," alisema, "mimi nikiahidi kitu mezani na kanali hana habari, mtu wake anaweza kufa. Yeye akisogeza gari moja tu bila mimi kujua, mlango niliokuwa nimeshaufungua unafungwa. Kwa hiyo kila asubuhi tunaongea kwanza sisi wawili. Tunagombana, tunaongea tena. Halafu tunatoka na neno moja, tunalipeleka juu."

"Na juu wanalikubali?"

"Likiwa moja, mara nyingi wanalikubali. Yakiwa mawili hawana la kukubali."

Kabla sijamjibu, Generoza alisimama. Alitembea mpaka walipokuwa wanaume, akamwita kanali, akamwita na Juvenali kutoka kwenye benchi langu.

"Nataka kuuliza kitu," alisema. "Nimeambiwa watoto walitaka kutoka kwa nguvu siku ya kwanza, wakaambiwa wasubiri. Nani kati yenu alisema wasubiri?"

Kazimili alimshika mkono mkewe. Yeye akautoa, taratibu, bila hasira.

Kanali alimtazama Juvenali, na Juvenali akamtazama kanali. Nikafikiri, wataanza tena. Lakini kanali alivua kofia. "Mimi nilitaka watoke," alisema. "Mwenzangu aliniomba nisubiri. Tulikesha tunabishana. Asubuhi tukakubaliana, na amri ya kusubiri niliitoa mimi. Mama, tuliamua pamoja."

"Wangetoka, mtoto wangu angekuwa hai?"

"Sijui. Pengine angekuwa hai na wengine wamekufa. Pengine wote."

Juvenali akasema, "Tulisema pamoja, mama. Naomba lawama usimpe yeye peke yake."

Generoza alisimama akiwatazama. Nilisubiri apige yowe, awatukane, amrushie mmoja sahani. Ningemwelewa. Akasema, "Angekuwa ameamua mmoja, ningejua la kufanya." Akarudi mkekani akakaa. Wifi yangu alimsogezea maji, akanywa.

Haikupita muda mrefu njia ikapatikana. Sikuielewa yote, nilielewa ile iliyotufikia: vijana watapita nchi jirani kwa mabasi, silaha zao zikiwa zimefungwa kwenye magari ya peke yake, watavuka daraja la Rusumo na kuingia kwetu, watapita Benako, watapita Biharamulo, mpaka mahali walipoandaliwa kupumzika. Msafara hautasimama popote. Hayo ndiyo yalikuwa masharti, nayo yalikuwa yametoka mezani kwa Juvenali na yalilindwa na watu wa kanali. Familia tuliombwa tukae nyumbani. Vijana wataruhusiwa baadaye.

"Naenda Benako," wifi alisema.

"Tumeambiwa tusiende."

"Tumeambiwa tusiwasimamishe. Sitamsimamisha mtu. Naenda kuangalia barabara."

Benako ni mahali pa malori. Madereva wanalala pale, wanakula pale, wanagombana pale kabla ya kuvuka kwenda Rwanda. Siku ile malori yalikuwa yamesogezwa pembeni, na barabara ilikuwa tupu mpaka ikatisha. Tulisimama karibu na kibanda cha fundi wa matairi. Watu wengine walikuwa wamejaa, wengine hawakuwa na askari wao humo, walikuja tu kuona. Wifi alikuwa amevaa gauni lake la kanisani. Hakubeba chakula, hakubeba chochote.

Zikaja pikipiki za polisi, yakaja magari ya jeshi, halafu mabasi. Mapazia yalikuwa yamefungwa karibu yote. Mwendo ulikuwa wa kasi. Watu walipiga vigelegele, mimi nikapunga mikono yote miwili, nikaita jina lake mpaka koo likakauka. Kwenye dirisha moja pazia lilikuwa wazi, nikaona kichwa kimeegemea kioo.

"Ni yeye!" nikamwambia wifi. "Umemwona?"

"Sikumwona."

"Yule pale, aliyeegemea!"

"Nimeona mabasi," alisema.

Vumbi likatulia. Malori yakaanza kuwashwa. Alisimama pale pale, mikono imeshuka, mpaka fundi wa matairi akatuletea ndoo za kukalia. Wifi akamshukuru, akakaa. Alikuwa ametulia kama anayesubiri zamu zahanati. Nikafikiri, mtoto wake amepita mbele yake, mzima, na hakuna kilichomgusa. Kisha nikaona kidole chake kimoja kinatetemeka juu ya goti, na yeye anakitazama kana kwamba ni cha mtu mwingine.

Fideli alipopewa ruhusa alikuja nyumbani bila kutoa taarifa. Tulimkuta amekaa kwenye jiwe la kuanikia nguo. Alikuwa amekonda, nywele zimenyolewa karibu na ngozi. Akaniamkia, akamwamkia mama yake. Wifi akamwitikia, akaingia jikoni kuwasha moto. Hawakukumbatiana. Nilikasirika, nikatamani niwasukume wakutane.

Kabla usiku haujaingia tulikula. Nikamwambia tulikuwa Benako, tuliyaona mabasi, nilimwita.

"Nilikuwa nimelala, shangazi," alisema. "Tangu darajani nililala. Niliamka tumeshafika."

"Kumbe."

"Wengine walifungua mapazia. Mimi nililala."

Baadaye akatuambia kidogo kidogo. Kwamba ndani ya kambi kila walipotaka kufanya jambo waliambiwa kuna kikao. Kwamba siku za mwisho alilichukia neno kikao kuliko bomu. Kwamba walipotakiwa kuweka bunduki garini, wakubwa wao walizihakiki, muhuri ukapigwa, na wale waasi waliokuwa wanawapiga walisimama wanatazama.

"Uliona aibu?" nikamwuliza.

"Sikuona aibu. Sikuona kitu. Danstan alipokufa pia sikuona kitu. Nilimbeba, nikarudi, nikakunja blanketi lake."

Wifi alikuwa ameshika sahani. Aliiweka chini.

"Na mimi hivyo hivyo," alimwambia mwanawe.

"Hivyo hivyo?"

"Tangu siku ya redio."

Fideli alimtazama mama yake kwa mara ya kwanza tangu afike, nilivyoona mimi. Kisha alisogea, akakaa karibu naye, mabega yakagusana, wakabaki hivyo mpaka moto ukawa majivu. Niliondoka bila kuaga.

Kabla ruhusa haijaisha alikwenda Nyakahura, na wifi akamsindikiza. Wifi ndiye aliyeniambia walivyopokelewa. Kazimili alitaka kujua kila kitu, na Fideli akamweleza, hata mahali bomu lilipoangukia. Generoza aliuliza moja tu: "Alikuwa amekula?"

"Alikuwa amekula, mama. Wali na maharage."

"Haya," Generoza alisema. Akamwekea Fideli maziwa mgando kwenye kibuyu, akamwangalia mpaka akamaliza.

Fideli amerudi kazini. Anafundisha waajiriwa wapya, na anasema anaweza kupangwa nje tena. Wifi hajamkataza. Nilimwuliza kwa nini, akasema hajui angeanzia wapi. Siku hizi anacheka mara moja moja, zaidi akiongea na Generoza kwenye simu, halafu anakatisha katikati kama aliyesahau alikuwa anacheka nini.

Juma lililopita Juvenali alimpigia. Huwa anawapigia wazazi wote, sijui kama ni kazi yake au ni yeye tu. Aliuliza hali, akasema kanali Malongo amehamishwa, sasa kila asubuhi anaongea na mwingine.

"Mnaelewana?" wifi akamwuliza.

Juvenali alisema bado, wanajitahidi.

"Jitahidini," wifi alisema. Akakata simu, akarudi kupepeta maharage, na mimi nikashika ungo wa pili.