Wingu Lililotangulia Redio

Mwaka ule wa ukame tulikula ugali wa mahindi ya manjano, yale yaliyokuja kwa meli, mpaka wajukuu wangu wakauliza kama unga mweupe ulikufa. Ndipo nilipomjua mzee tuliyemzika juzi. Walikuwa wanne kwenye kituo cha hali ya hewa wakipima mvua na upepo, naye alistaafu salama. Kila asubuhi alisoma vyombo, akapeleka hesabu Nairobi, akanyamaza. Kutabiri ilikuwa kazi ya redio. Mpimaji akimwambia raia, amefutwa.

Mvua iliporudi tuliishangilia. Yeye hakushangilia. Jumatatu alikuja kwangu Langas kununua maziwa, macho yakiwa juu angani.

"Mama, kila siku wingu linasimama mapema kuliko jana. Jumamosi litashuka na mawe na radi."

"Redio imesema manyunyu."

"Redio iko Nairobi. Wingu liko hapa."

Jumamosi hiyo chifu alikuwa na harambee, na kikundi changu cha akina mama kilikuwa kimeamriwa kucheza uwanjani na majembe begani, wageni waone sisi ni wakulima. Chuma begani, uwanja mtupu! Nikawaambia wabaki nyumbani. "Cucu anaogopa kulowa kitambaa!" wakanicheka mimi bibi yao, lakini walibaki.

Saa nane mchana mbingu ilikuwa nyeusi kama tako la sufuria. Radi ikapasua mkaratusi wa pale uwanjani, ambapo sisi huwa tunangojea wageni, ikauchana mpaka mizizi. Mbuzi wa kitoweo waliofungwa pale walilala miguu imekakamaa. Sisi tungekuwa hapo hapo.

Nimezeeka nikiiwaza kazi ile. Mtu anaona kifo kinakuja wiki nzima, na mshahara wake ni wa kunyamaza! Siku hizi nasikia watu wakijisifu kwamba hawajawahi kuvunja amri ya ofisi. Mimi nawauliza, amri hiyo ilimwokoa nani? Anayeijua hatari aiseme, hata kwa muuza maziwa.

Jumatatu ile baada ya radi, chifu alikuja na askari wawili. Hata pole hakusema.

"Wewe mama, ulijuaje mvua kabla ya redio? Pale kituoni wako wanne. Ni yupi?"

"Jina silitoi, Chifu."

"Leo hii nakifuta kikundi chako, na wewe utalala ndani. Ni yupi?"

Akina mama walikuwa wamesimama mlangoni, wote wazima.

"Jina silitoi, Chifu."